Soba za Dar: nani hasa anazikagua?

#1 Kaka wa Vijibweni
Wakuu, habari za jioni.

Mdogo wangu anakula unga (heroini), mwaka wa nne huu. Familia tumekaa tukakubaliana apelekwe soba, zile nyumba za kukaa mtu mpaka aache, na mimi ndiye nimepewa kazi ya kutafuta. Nimezunguka Kigamboni, Mbagala hadi Bunju. Kila nyumba niliuliza kitu kimoja: mna kibali cha nani? Wa kwanza akanitolea cheti cha usajili wa NGO. Wa pili ana leseni ya biashara ya manispaa, imetiwa fremu na kutundikwa sebuleni. Wa tatu ana barua ya serikali ya mtaa yenye mhuri wa mwenyekiti, basi. Mwingine akasema "sisi Mamlaka inatutambua", karatasi sikuiona.

Nyumba moja imenikosesha usingizi. Geti la chuma, kufuli kwa nje. Ndani vijana wamelala kwenye magodoro chini, bega kwa bega, dirisha moja lenye nondo. Kwenye kona kuna kisanduku cha huduma ya kwanza, nikaomba nikifungue: panadoli, pamba, na chupa ya spiriti iliyokauka. Nikamuuliza msimamizi, kijana akizidiwa saa nane usiku mnafanyaje? Akanijibu, "Tunampa maji na tunamuombea."

Msimamo wangu: soba yoyote isiyo na mtu wa afya ifungwe. Na swali langu: anayepaswa kuzikagua ni nani? Wizara ya Afya, Mamlaka ya Dawa za Kulevya, Ustawi wa Jamii au manispaa?

Nawasilisha.

#2 Chachandu
Pole sana mkuu. Jibu fupi: ukiona wanne wote wanatajwa, ujue kila mmoja anamsubiri mwenzake.

#3 Bin Tambaza
Mleta uzi, mwenye jukumu ni Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya. Ipo tangu 1995. Wana mwongozo wa kuendesha hizo nyumba, wao wanaziita nyumba za upataji nafuu. Piga 119, ni bure, waulize nyumba unayoitaka wanaijua au la. Kazi imeisha.

#4 Wakili wa Sinza
Bin Tambaza, turekebishe kidogo. Sheria ya 1995 ilileta Tume, na Tume kazi yake ilikuwa kuratibu tu, haikuwa na meno ya kukamata wala kupeleleza. Mamlaka imekuja na Sheria ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya, Na. 5 ya 2015, iliyofanyiwa marekebisho 2017.

Mamlaka yenyewe hueleza kazi yake kwa mambo kadhaa, yakiwemo haya matatu: kupunguza upatikanaji wa dawa, kupunguza uhitaji na kupunguza madhara. Soba zinaangukia hayo mawili ya mwisho. Lakini ukimlaza mtu, ukampa dawa, ukamtoa sumu mwilini, hapo umeshaingia kwenye tiba, na tiba ya binafsi ina Sheria ya Kudhibiti Hospitali Binafsi na wasajili wake. Ukijisajili kama NGO uko chini ya sheria ya 2002. Kwa hiyo wale watatu waliokuonyesha karatasi inawezekana hawakusema uongo. Kila karatasi inaruhusu kitu kimoja, na hakuna hata moja kati ya hizo inayosema nyumba hii inafaa kumpokea mgonjwa wa arosto, yale mateso ya mwili ukikosa unga.

#5 Mchana Kweupe
Niko klini, yaani nimeacha kabisa, namshukuru Mungu. Nilikula unga Manzese na Magomeni miaka mingi, na nilitokea soba ya aina hiyohiyo anayoilalamikia Kaka wa Vijibweni. Haikuwa na daktari wala nesi. Ilikuwa na watu waliokuwa mateja kama mimi.

Naomba mnielewe. Usiku wa pili wa arosto mifupa inauma mpaka unatamani mtu akukate miguu. Unatapika, unaharisha, machozi na kamasi vinatoka vyenyewe, ukijifunika unasikia joto, ukijifunua unatetemeka. Aliyekaa na mimi ni jamaa mmoja tulikuwa tunalala naye kijiwe kimoja. Alinikanda miguu hadi alfajiri, ananinywesha uji mwepesi wa chumvi kijiko kwa kijiko, nikitapika anaanza upya. Nikimdanganya kwamba nafa, anajua nadanganya, kwa sababu yeye alishadanganya hivyohivyo. Muuguzi wa zamu angefanya hivyo usiku kucha?

Sasa mkisema "isiyo na mtu wa afya ifungwe", hesabuni. Mshahara wa tabibu wa kukaa mchana na usiku ataulipa nani? Atalipishwa mzazi. Soba ya laki mbili itakuwa ya laki sita, na mtoto wa muuza mihogo wa Tandale atabaki chini ya daraja. Geti la kufuli silitetei. Natetea watu waliomo ndani.

#6 Mama Pili
Mwanangu Mchana Kweupe, Mungu akulinde uendelee hivyo.

Ila kuhusu hiyo laki mbili mimi nina neno. Nililipa kila mwezi kwa ajili ya kijana wangu. Tuliambiwa miezi mitatu. Ikifika mwisho napigiwa simu, "Mama, bado hajawa tayari, akitoka sasa atarudi kulekule." Nani mzazi atasema mtoeni? Naongeza mwezi. Ukifika tena, simu ileile, maneno yaleyale. Sikuwahi kuandikiwa hata mstari mmoja kuhusu maendeleo yake, na nikienda kumuona tunakaa watatu, yeye, mimi na msimamizi. Hakuna faragha ya kuniambia kama anapigwa.

Mimi naamini tatizo la kwanza ni pesa. Anayesema mtoto hajapona ndiye huyohuyo anayepokea ada.

#7 Mzee wa Feri
Na pombe je? Mnazungumza unga tu. Watu walioharibiwa na viroba, ile pombe kali ya vipakiti, ni wengi kuliko hao wote. Serikali ilivifuta 2016 lakini waliovizoea wakahamia gongo, hakuna aliyewafuata na tiba.

#8 Chachandu
Mzee wa Feri, uzi wa mwendokasi unaleta viroba, uzi wa bei ya samaki unaleta viroba. Leo umepata uzi wako. 😀

Ila vilifutwa 2017, Machi mosi.

#9 Muuguzi Nyumba ya Tatu
Mzee wa Feri amegusa pahala ambapo watu wengi wanaumia bila kujua, naomba nieleze kwa kirefu.

Arosto ya heroini ni mateso makali, lakini kwa kijana mwenye afya ya kawaida si rahisi yenyewe kumuua. Huanza yakipita masaa nane hadi kumi na mawili baada ya kete ya mwisho, hupanda siku ya pili na ya tatu, na wiki ikiisha sehemu kubwa imepita. Kinachoua mara nyingi ni kukaukiwa maji kwa kutapika na kuharisha, au ugonjwa mwingine aliokuja nao, kifua kikuu kwa mfano, au moyo. Ndiyo maana nyumba kama ile ya Mchana Kweupe inaweza kufanikiwa kwa uji wa chumvi na mtu mwenye upendo.

Pombe ni habari nyingine kabisa. Mtu aliyekunywa gongo au konyagi kila siku kwa miaka, ukimkatia ghafla, ndani ya siku mbili anaweza kuanguka kifafa. Siku ya pili hadi ya nne anaweza kuchanganyikiwa, anaona wadudu ukutani, anatetemeka, joto linapanda, mapigo yanakimbia. Huyo anakufa. Anahitaji dawa za kutuliza za kundi la diazepamu kwa vipimo vinavyopunguzwa pole pole, anahitaji vitamini B1, maji, na mtu wa kumpima presha na mapigo mara kwa mara.

Nilikuwa wodini, hospitali sitaitaja, akaletwa baba mmoja kutoka soba. Siku ya tatu bila pombe. Vifundo vya mikono vina alama za kamba. Waliomleta wanasema "alikuwa na fujo, tukamfunga atulie." Ile fujo ndiyo ilikuwa ugonjwa wenyewe. Degedege lilimshika mapokezini. Hatukuweza kumuokoa.

Kwa hiyo mkaguzi yeyote, awe wa wizara au wa Mamlaka, swali lake la kwanza lingekuwa: mnapokea watu wa pombe? Kama ndiyo, nani anawapima siku tano za mwanzo, na gari la kuwapeleka hospitali liko wapi?

#10 Kaka wa Vijibweni
Dada Muuguzi, asante sana. Hili sikuwahi kulisikia kwenye nyumba yoyote niliyotembelea. Wote wanachanganya, unga, pombe, bangi, chumba kimoja.

#11 Mchana Kweupe
Dada, nimekusoma. Kwa watu wa pombe nakubaliana na wewe. Kwa watu wa unga msimamo wangu uko palepale.

#12 Pwani Moja
Mimi ni mwenye nyumba. Nina soba upande wa barabara ya Bagamoyo, jina naliweka pembeni kwa sababu sikuja kutangaza.

Nyie mnadhani hatukaguliwi. Tunakaguliwa mpaka basi, ila si kwa jambo mnalolifikiria. Huja afisa mmoja anaangalia choo na jiko, anaandika. Huja mwingine anauliza mtungi wa kuzimia moto. Huja wa tatu anataka orodha ya majina na namba za simu za wazazi. Wa nne anadai tozo ambayo mwenzake alishaikata. Miaka yote hii hakuna aliyewahi kufungua daftari langu la dawa, au kumwita kijana mmoja chemba akamuuliza unaishije hapa. Halafu akifa mtu kwenye nyumba ya jirani, wanatujia wote na makufuli.

Mimi ninataka kanuni, tena kwa maandishi: vitanda vingapi kwa chumba, mtu wa afya aje mara ngapi kwa wiki, mgonjwa yupi nisimpokee kabisa. Nipeni nitatimiza. Asiyetaka kanuni ni yule aliyepanga nyumba ya vyumba vitatu akajaza watu arobaini.

#13 Wakili wa Sinza
Pwani Moja, mwongozo wa Mamlaka upo, uulizie. Ila swali lako lina uzito, kwa sababu mwongozo si kanuni. Kanuni hutungwa na waziri chini ya sheria na ukiivunja unashtakiwa. Mwongozo unakuambia cha kufanya, adhabu mpaka itafutwe kwenye sheria nyingine.

Na hapa kuna jambo mmelipita haraka mno, hilo la kufuli. Ibara ya 15 ya Katiba inasema kila mtu ana haki ya kuwa huru na kuishi kama mtu huru. Mtu mzima wa miaka 25 hafungiwi kwa sababu mama yake amesaini fomu. Sheria ya Afya ya Akili ya 2008 inaruhusu mtu kulazwa bila hiari yake, lakini kwa utaratibu, kwenye kituo cha tiba, kuna daktari na kuna mahakama. Soba si mahali pa namna hiyo. Hata fomu ikiwa na mihuri kumi, ile ni kumzuia mtu kinyume cha sheria.

Halafu kuna wenye umri chini ya miaka 18. Sheria ya Mtoto ya 2009 inawahusu. Kaka, huko ulikopita uliona watoto?

#14 Kaka wa Vijibweni
Niliona mmoja amevaa kaptula ya shule. Nilidhani ni mtoto wa msimamizi. Sasa sijui.

#15 Mama Pili
Wakili, baba, sheria unaijua wewe. Mimi nilisaini ile fomu, tena nilibembeleza wamchukue. Alishauza mabati ya jikoni, alishauza mtungi wa gesi, usiku mmoja akamshikia dada yake kisu. Ningeenda mahakamani kuomba amri, hakimu angenipa lini? Polisi wangempeleka mahabusu, arosto imkute humo. Ule mlango wa chuma ulinipa usingizi, siwafichi. Kama serikali haitaki tuwafungie watoto, itupe pa kuwapeleka usiku uleule.

#16 Bin Tambaza
Bi mkubwa, kliniki za methadoni, dawa ya kunywa badala ya unga, zipo na ni bure. Ilianza Mwananyamala 2011, sasa zimefika mpaka Mbeya na Mwanza. Sioni sababu ya mtu kulipa laki mbili.

#17 Muuguzi Nyumba ya Tatu
Ilianza Muhimbili, Februari 2011. Mwananyamala ilifuata 2012, halafu Temeke. Kote ni bure, hilo ni kweli.

Lakini methadoni ni ya watu wa heroini tu. Haimsaidii mlevi, wala wa bangi, wala wa kokeni. Na si dawa ya wiki mbili. Kwa kawaida mtu anakuja kila siku, anakunywa dozi mbele ya mhudumu, mwaka na zaidi. Anayeishi Chanika na hana nauli atashindwa, hata dawa ikiwa bure.

#18 Kitambaa Cheupe
Mimi ni wa methadoni. Dozi yangu naichukua asubuhi kisha naingia kazini, gereji. Nimesikia watu wa soba wanasema wao ni klini, sisi wa methadoni tumebadilisha unga tu. Hayo maneno yanaua. Rafiki yangu aliambiwa hivyo na nyumba moja, wakamkatisha dawa siku aliyoingia. Alipotoka alirudi kijiweni.

Na jambo la kitaalamu ambalo soba hawajui: nilipougua TB, dawa zake zilikuwa zinaimaliza methadoni mwilini kabla ya siku kuisha. Nikarudi kwenye arosto wakati dozi nimekunywa. Daktari akajua, akanipandishia. Ningekuwa nimefungiwa mahali wangesema naigiza.

#19 Muuguzi Nyumba ya Tatu
Ni kweli kabisa, ni rifampisini. Ini linaivunja methadoni haraka zaidi mtu akiwa kwenye dawa hiyo. Hongera kwa kazi, kaka.

#20 Mchana Kweupe
Kitambaa Cheupe, mimi nilipita njia ya hatua 12, ile ya vikundi vya walioacha, bila dawa yoyote, na ndiyo ninayoiamini. Lakini kumkatisha mtu dozi aliyopewa na daktari ni unyama, hakuna hatua inayofundisha hivyo. Kaza, ndugu yangu.

#21 Nahodha Unguja
Salaam kutoka ng'ambo. Huku Zanzibar tuna sheria yetu, ya 2021, na Mamlaka yetu, ni mbali na hiyo ya Bara. Methadoni ipo Kidongo Chekundu tangu 2015. Soba tumeanza nazo mapema, na malalamiko haya tuliyapitia. Ninachokiona mimi, nyumba inayosimama vizuri ni ile ambayo jirani anaingia. Mashekhe wanakuja, wazazi wanakuja Ijumaa wanakula pamoja, vijana wanatoka kwenda kucheza mpira. Nyumba ikifungwa kwa watu wa mtaa, humo ndani hata cheti cha dhahabu hakisaidii.

#22 Chachandu
Kenya wana NACADA, mamlaka yao ya kupambana na ulevi na dawa za kulevya, sheria yake ya 2012. Ndiyo inayopitisha vituo, kisicho na idhini kinafungwa. Tuige tu, kwani shida iko wapi?

#23 Pwani Moja
Chachandu, na hukohuko bado zinafumaniwa nyumba zisizo na idhini. Idhini bila mkaguzi wa kushtukiza ni karatasi ya kutundika ukutani.

#24 Mzee wa Feri
Shida iko kwa wazazi. Enzi zetu mtoto wa Kariakoo alikuwa wa mtaa mzima. Mjumbe akimkuta kijiweni anamrudisha kwao kwa bakora. Sasa mnatafuta serikali iwalelee.

#25 Kitambaa Cheupe
Mzee wangu, shikamoo. Bakora nilizila sana. Unga haukutoka.

#26 Muuguzi Nyumba ya Tatu
Kabla uzi haujahama, kuna jambo la siku ya kutoka. Mtu akikaa miezi bila heroini mwili wake unapoteza uvumilivu. Akitoka, akaenda kijiweni akajipiga kiasi kilekile cha zamani, pumzi inakata. Wengi hufa wiki za mwanzo baada ya kutoka, ama soba ama gerezani. Familia inasema karogwa, au kapewa unga wenye sumu. Dawa ya kumzindua ipo, inaitwa naloksoni, lakini sijawahi kuikuta kwenye soba.

Kaka wa Vijibweni, ukienda tena usiulize kibali peke yake. Uliza akitoka mnamfuatilia vipi, na mmewahi kumuonya mtu kuhusu hilo?

#27 Bin Tambaza
Hapo nimejifunza. Bado nashikilia kwamba mwenye kuziunganisha ofisi zote ni Mamlaka. Atoe orodha ya nyumba zilizokidhi, ibandikwe kila ofisi ya kata. Mzazi asilazimike kuzunguka.

#28 Wakili wa Sinza
Orodha ni nzuri, lakini ukaguzi wa afya ya mgonjwa ni wa Wizara ya Afya na waganga wakuu wa wilaya, hata Mamlaka ikiwa na orodha. Hatutakubaliana leo.

#29 Mama Pili
Mkigombana nani akague, kumbukeni kuna mtu leo usiku amelala kule ndani.

#30 Kaka wa Vijibweni
Nimewasoma wote. Jumatatu nampeleka mdogo wangu kliniki ya methadoni Temeke wamuone kwanza, kisha ndiyo tuangalie soba, na nitaanza na zile ambazo wazazi wanaruhusiwa kuingia siku yoyote. Pwani Moja, nimekutumia ujumbe.

#31 Binti Mbagala
Samahani kuingia katikati. Mgonjwa wetu ni mama mdogo, anakunywa gongo kila siku, asubuhi asipopata anatetemeka mikono. Soba nilizopiga simu zote ni za wanaume. Kuna anayejua ya wanawake? Kaka zangu wanataka tumfungie chumbani kesho mpaka aache.

#32 Muuguzi Nyumba ya Tatu
Dada, msimfungie. Huko kutetemeka asubuhi ndiyo dalili niliyoisema #9. Msimkatie ghafla nyumbani. Kesho asubuhi mpelekeni hospitali ya rufaa ya mkoa, Temeke iko karibu nanyi, mwambieni daktari anakunywa nini, kiasi gani, na mara ya mwisho ilikuwa saa ngapi. Akiwa amewahi kuanguka kifafa litajeni hilo mapema. Akianza kuchanganyikiwa usiku huu msisubiri kuche. Ya soba ya wanawake tutayazungumza akishakuwa salama.

#33 Mchana Kweupe
Binti Mbagala, ziko chache mno za akina mama. Niandikie pembeni, kuna dada mmoja tuliyepona naye anazijua.